Kutafakari anicca ufukweni: maji yakipwa, yakijaa

Anicca, katika mafundisho ya Buddha, ni kwamba kila kilichotokana na visababishi hubadilika na kuisha. Kukubali kwa maneno ni rahisi. Kazi ni kukaa uone jambo lenyewe likitendeka, na bahari ya Dar es Salaam hulionyesha ndani ya saa moja.

Nenda siku za bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, siku moja au mbili baada ya mwezi mpevu au mwandamo. Wakati wa maji mafu tofauti ya kujaa na kupwa ni ndogo, utakaa bure. Siku za bamvua maji hupwa kabisa mnamo saa 4 au 5 asubuhi, basi fika saa 2, jua halijawa kali. Tafuta mchanga uliolala, upande wa Kunduchi au Kigamboni. Penye miamba huoni mstari wa maji vizuri.

Beba vijiti vinne vya kuchomeka kwenye mstari wa maji. Kabla ya kuchomeka cha kwanza, ngoja mawimbi kama kumi yapite, kwa sababu moja likipanda sana litakudanganya. Kisha keti, mgongo wima, ufuate pumzi. Kila dakika 15 chomeka kingine.

Ukingoja kijiti kifuatacho usiyakodolee maji, rudi mwilini. Goti likiuma, angalia maumivu yanapoanzia, yanavyopanda, yanavyohama, yanavyolegea. Upepo ukikupendeza, angalia na utamu wake unavyochuja. Hapa ndipo wengi hukosea: hufuatilia kuisha kwa mabaya tu, mazuri wakayakumbatia. Wengine hurudia moyoni "yote yanapita" mpaka ikawa bembelezo, na kuangalia kukakoma. Acha maneno. Usingizi ukija, simama utembee polepole.

Ukishachomeka cha nne, tazama umbali hadi cha kwanza. Huwezi kutaja dakika maji yalipoondoka, na yameondoka.

Usiketi mbali kwenye mchanga uliopwa: maji yakirudi, mifereji iliyo nyuma yako hujaa kwanza. Kesho yake maji huchelewa kama dakika 50, kwa hiyo ratiba nayo haidumu.

Aliye mbali na pwani atumie mti wa mkungu. Funga uzi kwenye kikonyo cha jani linaloanza kuwa jekundu, ulitazame dakika 5 kila asubuhi hadi lidondoke. Usilichume.

Aliyefiwa karibuni asianze na zoezi hili peke yake. Aanze na pumzi tu, dakika 10, akiwa na mtu karibu.