Namna ya Kuandika Historia ya Intaneti na Athari Zake kwa Jamii

Anayeketi kuandika historia ya intaneti husumbuliwa na wingi wa habari kuliko uhaba wake. Tarehe zimejaa tele, majina yanafahamika, na wengi wa waliohusika waliishi kuhojiwa tena na tena. Hata hivyo makala nyingi za mada hii zinafanana mno: huanza na jeshi la Marekani na hofu ya mabomu, hurukia tovuti, kisha hutangaza kwamba intaneti imebadilisha kila kitu. Mwongozo huu umekusudiwa mwanafunzi, mwalimu au mwandishi anayetaka kufanya kazi iliyo bora zaidi ya hiyo. Shauri langu la msingi ni kwamba usiichukulie intaneti kuwa kitu kimoja kinachojiendea chenyewe kwa nguvu zake. Eleza unazungumzia sehemu ipi, nani aliiamua, na tangu lini watu waliweza kufanya jambo ambalo hapo awali lilikuwa haliwezekani au lilikuwa ghali.

Tenganisha tabaka kabla ya kutafuta tarehe

Swali la intaneti ilianza lini halina jibu moja, kwa kuwa intaneti ni tabaka kadhaa zilizojengwa nyakati tofauti na watu tofauti. Chini kabisa ziko nyaya, mikongo na mitambo. Juu yake ziko itifaki, yaani kanuni ambazo kompyuta hukubaliana kuzifuata zinapopelekeana data. Juu zaidi iko wavuti, yaani kurasa zinazounganishwa kwa viungo, pamoja na huduma nyinginezo. ARPANET, mtandao uliogharimiwa na taasisi ya utafiti ya Wizara ya Ulinzi ya Marekani, ulipitisha ujumbe wake wa kwanza tarehe 29 Oktoba 1969. Itifaki za TCP/IP, ambazo chimbuko lake ni kazi ya Vint Cerf na Bob Kahn iliyochapishwa mwaka 1974, zilichukua rasmi nafasi ya itifaki ya zamani ya mtandao huo tarehe 1 Januari 1983. Wavuti ilipendekezwa na Tim Berners-Lee mwaka 1989 alipokuwa CERN, maabara ya fizikia iliyo karibu na Geneva, na tarehe 30 Aprili 1993 CERN ikatangaza kwamba yeyote anaweza kuitumia bila malipo.

Tarehe utakayoichagua itokane na swali lako. Anayechunguza ni lini kompyuta za taasisi mbalimbali zilianza kuwasiliana kwa njia ya pakiti, yaani vipande vidogo vya ujumbe, ataanzia 1969. Anayetaka kujua ni lini mitandao ya aina tofauti iliweza kuungana na kuwa mtandao mmoja mkubwa ataitazama 1983. Anayefuatilia ni lini mtu asiye fundi aliweza kuketi mbele ya kompyuta na kusoma kurasa za mbali ataitazama 1993, mwaka ambao kivinjari cha Mosaic, kilichotengenezwa katika Chuo Kikuu cha Illinois, kilianza kusambaa na kuonyesha picha pamoja na maandishi katika ukurasa mmoja.

Kuchanganya tabaka hizi huzaa makosa ambayo msomaji makini huyaona mara moja. Mathalani, mara nyingi huandikwa kwamba wavuti ndiyo iliyotuletea barua pepe, ilhali Ray Tomlinson alituma barua pepe kati ya kompyuta mbili za mtandao, akitumia alama ya @ kutenganisha jina la mtu na jina la kompyuta, mwaka 1971. Hata kero ya barua taka ina umri mkubwa kuliko wavuti: tangazo la biashara lilitumwa kwa mamia ya watumiaji wa ARPANET mwezi Mei 1978, nao wakalalamika vikali.

Simulizi maarufu zipimwe kwa nyaraka

Simulizi inayorudiwa kuliko zote ni kwamba mtandao wa kwanza ulijengwa ili uhimili vita vya nyuklia. Simulizi hii haikuzuka hewani, ndiyo maana inahitaji kufumuliwa uzi mmoja mmoja. Paul Baran wa shirika la RAND alichapisha mwaka 1964 mfululizo wa ripoti kuhusu mtandao usio na kitovu, ambao ungeendelea kupitisha ujumbe hata kama vituo vyake kadhaa vingeharibiwa kwa shambulio. Nchini Uingereza, Donald Davies wa Maabara ya Taifa ya Fizikia alifikia wazo lilelile la kukata ujumbe vipande vipande, naye ndiye aliyeviita pakiti, lakini shida aliyotaka kuitatua ilikuwa namna ya kuwagawia watumiaji wengi huduma ya kompyuta bila kupoteza muda wa laini. Naye Bob Taylor, aliyeuanzisha mradi wa ARPANET mwaka 1966, alisukumwa na adha iliyokuwa ofisini mwake: alikuwa na mashine tatu za kuchapia amri, kila moja ikiunganishwa na kompyuta ya mahali tofauti, kila moja na amri zake, na hakuna iliyoweza kuzungumza na mwenzake.

Ukiziweka nyuzi hizo sambamba, sentensi sahihi hujiandika: fedha zilitoka wizara ya ulinzi, wazo la kuhimili mashambulizi lilikuwa la Baran, na kusudi la ARPANET lilikuwa kugawana kompyuta ambazo wakati huo zilikuwa chache na za gharama kubwa. Naona sentensi hiyo inavutia kuliko ile ya mabomu, kwa sababu inaonyesha jinsi wazo moja linavyoweza kuzaliwa kwa sababu mbalimbali na kutumiwa kwa sababu nyingine kabisa.

Jifunze pia kutofautisha hati ya siku ya tukio na kumbukumbu iliyosimuliwa baadaye. Mfano mzuri ni usiku ule wa 29 Oktoba 1969. Charley Kline, mwanafunzi katika maabara ya Leonard Kleinrock huko UCLA, yaani Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, alikusudia kuchapa neno LOGIN ili aingie katika kompyuta ya Taasisi ya Utafiti ya Stanford. Herufi L ikafika, herufi O ikafika, kisha mfumo wa upande wa pili ukaanguka. Kisa hiki husimuliwa kila mahali, na waliokuwepo wamekithibitisha. Daftari la kumbukumbu la maabara hiyo limehifadhiwa, na mstari ulioandikwa kwa mkono saa 4:30 usiku unasema tu kwamba wamezungumza na Stanford, kompyuta kwa kompyuta. Herufi mbili hazitajwi katika mstari huo. Hilo halikifanyi kisa kuwa cha uongo. Linakufahamisha kwamba saa na tarehe zinatokana na hati, huku herufi L na O zikitokana na kumbukumbu za watu, na mwandishi mwaminifu huonyesha kipi kimetoka wapi.

Kwa bahati njema, historia hii ina hazina ambayo historia nyingi nyingine hazina. Tangu Aprili 1969, Steve Crocker alipoandika ya kwanza, wajenzi wa mtandao wamekuwa wakiandika hati zenye namba, zinazojulikana kama RFC, na zote zinasomwa bure. Ukitaka kuelewa badiliko la 1 Januari 1983, usitosheke na kulitaja. Fungua RFC namba 801, iliyoandikwa na Jon Postel mwezi Novemba 1981, na utaona ratiba ya mwaka mzima wa maandalizi: hatua zilizokusudiwa na namna kompyuta za zamani na mpya zingeendelea kuwasiliana wakati wa mpito. Hapo ndipo msomaji wako ataelewa kwamba lilikuwa jambo la watu kukubaliana, kusukumana na kuahirisha mambo, wala si swichi iliyobonyezwa usiku mmoja.

Hati hizo hizo zitakuonyesha majina yasiyotajwa sana. Elizabeth Feinler na kikundi chake huko Stanford ndio waliotunza orodha ya kompyuta zote za mtandao kabla ya mfumo wa majina ya vikoa, yaani wa anwani za mtandao zenye majina, uliobuniwa mwaka 1983, kuondoa ulazima wa orodha moja. Kazi ya namna hiyo, ya kutunza na kupanga, huachwa nje ya masimulizi yanayotafuta mvumbuzi mmoja.

Chunguza njia zilizoachwa

Historia inayosimulia washindi peke yao humfanya msomaji adhani kwamba mambo hayangeweza kuwa vingine. Tenga aya moja au mbili kwa ajili ya walioshindwa. Ufaransa ilikuwa na Minitel tangu miaka ya mwanzo ya 1980 hadi 2012, na kwa mashine hiyo ndogo iliyounganishwa na laini ya simu watu walitafuta namba, walikata tiketi na kuzungumza na wageni kabla wavuti haijakuwepo. Marekani, Chuo Kikuu cha Minnesota kilitoa mwaka 1991 mfumo wa Gopher, wa kufikia hati za mbali kwa kuchagua katika orodha, nao ukapendwa upesi. Mapema 1993 chuo kikatangaza kwamba baadhi ya watumiaji wa programu yake ya seva wangetozwa ada, na haukupita muda CERN ikaiachia wavuti bure. Ada haikuwa sababu pekee, kwani wavuti ilikuwa na viungo ndani ya maandishi yenyewe, lakini mfuatano huo unastahili kuelezwa: uamuzi wa kiofisi kuhusu malipo ulisaidia kuamua ni ukurasa wa aina gani tunaousoma leo.

Athari kwa jamii: punguza ukubwa wa dai

Sehemu hii ndiyo ngumu, na ndipo kazi nyingi huharibika. Sentensi kama "intaneti imeleta upweke" haithibitiki wala haikanushiki mpaka useme ni watu gani, wakitumia nini, kipindi gani, wakilinganishwa na nani.

Tazama utafiti ulioongozwa na Robert Kraut wa Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon. Watafiti waliwafuatilia watu 169 wa kaya 73 mjini Pittsburgh walipokuwa wakianza kutumia intaneti katikati ya miaka ya 1990. Ripoti ya mwaka 1998 ilionyesha kwamba waliotumia zaidi walipungukiwa kidogo mazungumzo na familia na idadi ya marafiki, na hisia za upweke na huzuni ziliongezeka kidogo. Habari hiyo ilivuma. Watafiti haohao waliporudi kwa kundi lao na kuchapisha matokeo mwaka 2002, sehemu kubwa ya madhara yale ilikuwa imetoweka, na katika kundi jingine jipya wenye kupenda kuchangamana walinufaika kuliko wasiopenda. Sababu moja inayowezekana ni kwamba kufikia wakati huo ndugu na marafiki nao walikuwa wameingia mtandaoni, hivyo kitendo kilekile cha kuketi mbele ya kompyuta kilikuwa na maana tofauti. Anayenukuu ripoti ya kwanza bila ya pili anadanganya pasipo kukusudia, na jambo hili hutokea mara nyingi kuliko inavyostahili.

Baada ya kubana dai, eleza njia ambayo athari ilipitia. Chukua magazeti. Kwa miongo mingi, matangazo madogo ya kuuza, kupangisha na kutafuta wafanyakazi yaliyapatia magazeti ya Marekani sehemu kubwa ya mapato. Tovuti za matangazo ziliposhusha gharama ya kutangaza hadi karibu na sifuri, fedha hizo ziliondoka, vyumba vya habari vikapunguza waandishi, na mabaraza ya miji mingi yakabaki bila mwandishi wa kuyahudhuria. Kila kiungo katika mnyororo huo kinaweza kuchunguzwa peke yake, jambo ambalo haliwezekani kwa dai kwamba intaneti imeua magazeti.

Takwimu nazo zisomwe pamoja na fasili zake. Shirika la Kimataifa la Mawasiliano, ITU, lilikadiria kwamba mwaka 2024 watu bilioni 5.5 walikuwa wakitumia intaneti na bilioni 2.6 hawakuwa. Mtumiaji katika hesabu hiyo ni yeyote aliyeingia mtandaoni kwa njia yoyote katika miezi mitatu iliyopita. Aliyeazima simu mara moja kusoma ujumbe na anayefanya kazi mtandaoni kutwa wamo katika idadi ileile, kwa hiyo usiitumie kuthibitisha kwamba watu wote hao wanaishi maisha ya kidijitali.

Hifadhi vyanzo vyako mapema

Kurasa hupotea au hubadilishwa kimyakimya. Hata ukurasa wa kwanza wa wavuti haukuhifadhiwa ulivyokuwa awali: CERN ilipoamua kuurudisha mwaka 2013, ilitumia nakala ya 1992. Unapokutana na ukurasa unaokusudia kuutaja, andika siku uliyousoma na uhifadhi nakala papo hapo, ama katika kompyuta yako ama katika Internet Archive, shirika lililoanza kukusanya kurasa mwaka 1996 na kuufungulia umma mkusanyo huo mwaka 2001.

Unapotumia nakala za kumbukumbu za aina hiyo, kuwa mwangalifu na picha na mapambo. Maandishi ya ukurasa huenda yalinaswa mwezi mmoja na picha iliyo pembeni yake ikanaswa miezi mingi baadaye, na kivinjari kikaviunganisha kana kwamba vilikuwa pamoja. Kagua tarehe ya kila sehemu, si ya ukurasa peke yake. Ukikuta zinatofautiana, taja katika kazi yako tarehe ya maandishi unayoyanukuu, na usidai kwamba ukurasa mzima ulionekana hivyo siku hiyo.