Namna ya Kuandaa Mdahalo Kuhusu Margaret Thatcher na Sera ya Elimu

Mwanafunzi wa kidato cha tano au cha sita, awe Mbeya, Tukuyu au Iringa, akipewa mada hii huanza moja kwa moja na mwaka 1979, Thatcher alipokuwa waziri mkuu wa Uingereza. Anza nyuma zaidi. Kuanzia 1970 hadi 1974 alikuwa waziri wa elimu katika serikali ya Edward Heath, na miaka hiyo ndiyo itakayokupa hoja ambazo wapinzani wako hawatakuwa wamejiandaa kuzijibu, kwa sababu mengi aliyoyatenda wakati huo hayalingani na sifa aliyojijengea baadaye.

Gawa ukurasa wa daftari katika safu tatu: uamuzi wenyewe, aliyebeba gharama yake, na aliyeguswa nao. Usiandike kwamba alikuwa mkali au shupavu, andika alichokiamua.

Uamuzi wa kwanza uwe ule wa maziwa. Tangu 1946 kila mwanafunzi wa Uingereza alipewa theluthi ya painti kwa siku bila malipo, yapata mililita 190, yaani zaidi kidogo ya nusu ya chupa ya soda ya mililita 350. Serikali ya chama cha Labour iliyafuta kwa shule za sekondari mwaka 1968. Thatcher, Hazina ikiwa inatafuta pa kubana matumizi, akayafuta mwaka 1971 kwa watoto waliozidi miaka saba, na ni yeye aliyebaki akiitwa mnyang'anyi wa maziwa. Ukizungumza mbele ya wasikilizaji wa Rungwe, mimina kiasi hicho kwenye glasi wakione. Wapo watoto huko wanaokwenda shule wamekunywa chai ya rangi ilhali maziwa ya asubuhi yameshapelekwa kwa mnunuzi, kwa hiyo hawatahitaji kuelezwa kwa nini wazazi walikasirika.

Kisha jaza upande wa pili wa mizani, maana bila huo hoja yako itakuwa nusu. Waziri huyohuyo alikiacha hai Chuo Kikuu Huria cha Uingereza wakati wenzake chamani walitaka kifutwe. Umri wa kuacha shule ulipandishwa kutoka miaka 15 hadi 16 akiwa wizarani. Kati ya mapendekezo 3,612 ya kugeuza shule kuwa za pamoja, zisizochuja watoto kwa mtihani wa kuingilia, alikataa 326 tu, ingawa alizipenda zile za kuchuja, na mwenyewe alisoma katika shule ya namna hiyo huko Grantham.

Ukifika kwenye Sheria ya Mageuzi ya Elimu ya 1988, iliyosimamiwa na waziri wake Kenneth Baker, kuwa mwangalifu sana. Sisi tumezoea mtaala mmoja unaotoka Taasisi ya Elimu Tanzania, hivyo ni rahisi kudhani kwamba Waingereza nao walikuwa na wa kwao siku zote. Hawakuwa nao. Kabla ya sheria hiyo, halmashauri na walimu wenyewe ndio walioamua sehemu kubwa ya kinachofundishwa. Serikali iliyohubiri kupunguza mkono wa dola ikachukua mtaala na kuuweka mikononi mwa wizara, huku ikiziruhusu shule kujitoa chini ya halmashauri na kupata fedha moja kwa moja kutoka serikali kuu. Kwa maoni yangu mvutano huo ndio kiini cha mada nzima, na unastahili nusu ya muda wako wa kuzungumza. Taja pia kwamba sheria hiyo ilihusu England na Wales. Scotland ina mfumo wake.

Kuhusu vyuo vikuu, sema kwa kifupi kwamba mikopo ya wanafunzi ilianza mwaka 1990, mwaka alioondoka madarakani. Mpinzani akimtwisha na ada za vyuo, msahihishe kwa heshima: zilianza mwaka 1998, chini ya Tony Blair.