Jinsi ya kushuti tamthilia ya mapenzi Dodoma kwa bajeti ndogo, tukijifunza kwa Wajapani

Ukitaja filamu za wakubwa za Kijapani watu wanawaza kitandani tu, ila kwa anayeshuti tamthilia pale kuna vitu vya kujifunza na wala havihusu kuvua nguo. Studio ya Nikkatsu ilipoyumba kifedha iliingia kwenye filamu hizo mwaka 1971 ikaendelea nazo mpaka 1988, hela kidogo, siku chache za kushuti, filamu yenyewe kama saa moja na dakika kumi hivi, na dairekta anaachiwa hadithi aiendeshe anavyotaka mradi sini za mapenzi ziwepo. Yojiro Takita naye alianzia kwenye filamu za wakubwa za bajeti ndogo, baadaye kazi yake ikachukua Oscar 2009.

Sasa hadithi. Kabla hujagusa skripti, andika kila muhusika anataka nini na anaficha nini, hapa usiwe na haraka kabisa. Mfano dada ana nyumba Nkuhungu, kampangisha chumba mtumishi aliyehamishwa toka Dar, mke wake kabaki huko. Sini ya kwanza wasigusane. Dada anagonga kudai hela ya luku, jamaa anatoa noti moja moja, anahesabu taratibu kuliko inavyotakiwa ili tu dada asiondoke mapema, na kamera unaiweka kwenye ule mkono wenye pete, usikate haraka. Mtazamaji ataelewa yote bila mtu kusema nakupenda, na epizodi ya pili ataitafuta mwenyewe.

Lokesheni nyumba moja inatosha. Shuti sini zote za chumba kimoja siku moja hata kama hazifuatani, ila piga picha za nguo na nywele kila sini isije shati likabadilika rangi katikati ya maongezi.

Sauti ndo inaua kazi zetu nyingi jamani. Kiangazi upepo wa Dodoma haukuachi, mabati yanagonga, bodaboda zinapita, kwa hiyo maiki ndogo ifiche ndani ya nguo, tundika mablanketi ukutani, zima friji, halafu rekodi ukimya wa chumba kama dakika moja utakusaidia sana wakati wa kuediti. Ikishindikana ingizeni maongezi baadaye, Wajapani wa filamu hizo za zamani walifanya hivyo sana. Taa? Dirisha na shuka jeupe, jua la saa sita liache.

Sini ya mapenzi yenyewe ikate mlangoni. Kusambaza ponografia mtandaoni ni kosa kwa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, na kibali cha Bodi ya Filamu ushughulikie kabla ya kuanza kushuti.

Kitu kingine cha muhimu sana ni waigizaji. Japani walipitisha sheria 2022 kwa ajili ya wanaoigiza video za wakubwa, lazima mkataba wa maandishi, mwezi mmoja upite kabla ya kushuti, na miezi minne baada ya kushuti kabla video haijatoka. Wewe hata kama ni busu tu, mpe dada wa watu skripti mapema, andikeni ashikwe wapi na wapi asishikwe, asaini, na siku yenyewe akisema hapana hiyo sini iandike upya hapohapo na hela yake mpe yote.