Hujulikani na unataka kuigiza? Fanya hivi

Kwanza ondoa kichwani habari za ustaa. Bongo kazi nyingi ni za sini (vipande vya tukio) mbili tatu, muuza duka, mgonjwa wa kitanda cha pembeni, polisi wa getini, na kwa kuwa siku hizi tamthilia za chaneli za Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu ya Azam ndo zinaendesha mambo, hata kauhusika kadogo kanaweza kurudi wiki ijayo mwandishi akikapenda. Ukiwa na ada nenda TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni ya Bagamoyo, pale wanafundisha tangu 1981 enzi kinaitwa Chuo cha Sanaa, huna basi tafuta kikundi cha mtaani kinachofanya mazoezi kweli sio cha kupiga picha.

Sasa ukishaitwa, hapa ndo wengi wanaharibu. Tamthilia haishutiwi kwa mpangilio unaouona kwenye tv, nyumba ikikodiwa sini zote za ile nyumba zinapigwa kwa mkupuo, ya 4, ya 31, ya 18, halafu wiki tatu baadae unaitwa location nyingine kupiga ile unagonga mlango kwa nje wakati ulishapigwa ukiwa umekaa ndani na soda mkononi. Kwa hiyo usinyoe, usisuke upya, na ile shati usimgawie mdogo wako hata akililia! Mimi nilipiga para ya Idd, nikaitwa nikaenda na kofia, dairekta kaniangalia akasema basi wewe kwenye stori umesafiri, na sijarudi safarini mpaka leo 😂 Siku hizi kila sini ikiisha najipiga picha, vifungo vingapi vimefungwa, saa iko mkono gani.

Hela ongea kabla hujapanda daladala, nauli na msosi pia, na uandikishwe hata karatasi moja. Ile sheria ya 1999 inaitwa ya Hakimiliki na Hakishiriki, hiyo hakishiriki, yaani haki za anayeigiza au kuimba kazi, ndo inakugusa wewe mwigizaji, usisaini usichokisoma.

Na kila kazi iandike daftarini, jina la tamthilia, episodi, tarehe, maana majina ya mwishoni yanapita mbio na lako linaweza kukosewa. Omba kipande chako utengeneze klipu ya dakika moja, ianze na uso wako unaongea, sio muziki na jina la rangi ya dhahabu linazunguka, anayechagua waigizaji ana klipu za watu kibao kwenye simu na bando ni lake.