Somo: Ziara ya siku moja kwa basi katika vijiji vya pwani ya kusini Unguja

Mara ya kwanza nilipopeleka kikundi Jambiani tulifika saa kumi alasiri, tarehe 17 ya mwezi mwandamo, yaani siku ya 17 tangu mwezi mpya uonekane. Bahari ilikuwa imejaa karibu na mizizi ya minazi. Watu thelathini tulisimama juu ya mchanga, tukapiga picha za maji, tukarudi garini. Mama mmoja mtu mzima alikuwa barazani kwake anasokota kamba. Akaniambia, "Mwanangu, mmekuja kutazama maji. Sisi wenyewe tulikuwa huko asubuhi."

Tangu siku hiyo sipangi ziara kwa saa ya mkononi peke yake. Neno pwani lenyewe limetokana na kupwa: ni mahali maji yanapopwa. Vijiji vya kusini na mashariki ya Unguja vinaishi kwa kufuata kujaa na kupwa kwa maji, na mgeni asiyelijua hilo hupita katikati ya kijiji na asikione. Kwa hiyo somo hili linaanzia baharini, basi linakuja baadaye.

Hatua ya kwanza: tafuta tarehe ya mwezi mwandamo

Wavuvi hawahitaji jedwali, wanahesabu mwezi. Mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, yaani karibu na tarehe 1 na tarehe 15, huwa ni bamvua: maji yanajaa sana na yanapwa sana. Unguja, siku hizo maji hujaa mnamo saa kumi, alfajiri na alasiri, na hupwa mnamo saa nne, asubuhi na usiku. Kila siku inayofuata saa hizo husogea mbele kwa dakika arobaini mpaka hamsini hivi. Tarehe 2 na 3, au 16 na 17, maji hutoka kabisa kati ya saa nne na nusu na saa tano na nusu asubuhi. Hizo ndizo siku zangu.

Tarehe 7 na 8, au 22 na 23, ni maji mafu. Bahari haitoki mbali, na kupwa kwenyewe kunaangukia alasiri. Pwani bado inapendeza, lakini wanawake wanaolima mwani baharini utawaona wachache sana, pengine usimwone hata mmoja. Ukikuta mwendeshaji wa ziara anakupa ratiba ileile kwa kila siku ya mwezi, muulize maji yatakuwa wapi siku yenu. Jibu lake litakueleza kama anaijua pwani au anaijua barabara tu.

Epuka Ijumaa, kwa sababu mchana watu wako msikitini na nyinyi mtataka kuuona msikiti. Na mwezi wa Ramadhani usipeleke kikundi kitakachotaka kula na kunywa hadharani vijijini.

Hatua ya pili: gari na mtu wa kuwaongoza

Kosta, yaani basi dogo, inatosha kwa watu ishirini na tano mpaka thelathini hivi. Gari hukodiwa zima, hailipiwi kwa kichwa, kwa hiyo viti vitano vikibaki vitupu waliopo ndio watakaovilipia. Kusanya fedha kwanza, kodi gari baadaye. Mkataba uandikwe: mafuta ni ya nani, chakula cha dereva ni cha nani, na saa ya kurudi ni ipi.

Mwongoza watalii awe na kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii ya Zanzibar. Zaidi ya hapo, mimi humtaka mtu aliyezaliwa kusini au aliyeoa huko. Akishuka garini akasalimiwa kwa jina, mlango wa kijiji umefunguka. Asiyejulikana huko atawasomea historia ndani ya basi, na mtabaki humohumo.

Wa kutoka Dar es Salaam, msijaribu kwenda na kurudi siku hiyohiyo. Boti ya asubuhi huchukua karibu saa mbili, na mkishuka bandarini maji ya Jambiani yanakaribia kurudi. Lala mjini usiku mmoja.

Hatua ya tatu: ondokeni saa moja asubuhi, na mwanzie mbali

Ratiba nyingi huanza na msitu wa Jozani kwa sababu uko njiani. Mimi naugeuza mzunguko: nakwenda moja kwa moja pwani ya mashariki, na Jozani naiacha kwa kurudi. Njia ni Mjini, Tunguu, Bungi, Kitogani, Paje, Jambiani. Kisha Makunduchi, Kizimkazi, Muyuni, na kurudi Kitogani.

Mkifika Bungi mwambie dereva apunguze mwendo. Miembe mikubwa iliyopanga mstari pande zote mbili za barabara inahusishwa na Bi Khole, binti wa Sayyid Said, aliyekuwa na shamba hapo katika karne ya 19. Hakuna haja ya kushuka. Zimeni redio tu, mfungue madirisha.

Hatua ya nne: Jambiani, saa mbili na nusu mpaka saa tano

Hapa ndipo pa kutumia muda. Maji yakianza kutoka, wanawake wanashuka na vigingi, kamba na magunia. Kilimo cha mwani kilianza upande huu, Paje na Jambiani, mwaka 1989, kwa mbegu iliyotoka Ufilipino. Vigingi vinapigwa mchangani, kamba inavutwa kati yake, na vipande vya mwani vinafungwa kwa vikamba vidogo wanavyoviita taitai. Baada ya wiki sita hivi mwani unavunwa, unaanikwa na kuuzwa. Nje ya nchi hutolewa humo utomvu wa kuzitia uzito dawa ya meno, aiskrimu na vipodozi.

Waulize kuhusu kotonii na spinosamu, aina mbili za mwani. Kotonii ina bei nzuri zaidi, lakini maji ya kina kifupi yamezidi joto na inakufa, kwa hiyo wengi wamebaki na spinosamu yenye bei ndogo. Baadhi yao sasa wanasaga mwani na kutengeneza sabuni. Mkinunua, nunueni kwao hapohapo. Mama anayeinama majini saa nne kwa siku anastahili kushika fedha ya mgeni kwa mkono wake mwenyewe.

Angalieni pia mashimo yaliyofunikwa mawe mchangani. Humo mmefukiwa makumbi ya nazi. Hukaa miezi kadhaa yakilainishwa na maji ya chumvi, kisha hufukuliwa, hupondwa, na usumba wake husokotwa kamba. Yule mama aliyeniambia nimekuja kutazama maji alikuwa anasokota kamba ya namna hiyo.

Mambo matatu ya adabu, na hapa sina mzaha. Picha huombwa kabla ya kutoa simu, wakikataa, imekwisha. Msikanyage kamba wala msivuke katikati ya shamba la mtu, hata kama linaonekana ni bahari tupu. Na nguo ya kuogelea ni ya kuogelea: kijijini, mwanamke ajifunge khanga na mwanamume avae shati.

Viatu viwe yeboyebo zenye mkanda nyuma. Ndala zitanasa kwenye tope, na kuna wadudu weusi wa baharini wenye miiba mirefu ambao ukiwakanyaga ziara yako imeishia hapo.

Hatua ya tano: Makunduchi na Kizimkazi

Makunduchi tunapita taratibu, nusu saa inatosha kwa siku ya kawaida. Kizimkazi kuna sehemu mbili, Mkunguni na Dimbani. Msikiti wa kale uko Dimbani. Kwa nje mtaupita bila kujua: kuta nyeupe, paa la bati. Ndani, pembeni mwa kibla, kuna maandishi ya Kikufi, mtindo wa kale wa hati ya Kiarabu, yaliyochongwa kwenye jiwe la matumbawe, yenye mwaka 500 Hijria, sawa na 1107 Miladia. Jengo lilijengwa upya katika karne ya 18, ila maandishi yale ni ya tangu mwanzo. Miaka mia tisa na zaidi, na watu bado wanasali humo. Kila ninapofika hunyamaza kwanza kabla ya kusema lolote kwa kikundi.

Ombeni ruhusa kwa mwangalizi, vueni viatu, jisitirini, na wekeni sadaka. Waislamu kwenye kikundi wasali adhuhuri hapo, wengine wapumzike kivulini.

Chakula cha mchana kiagizwe jana yake. Mwongozaji ampigie simu mama wa kijijini, amwambie idadi kamili: wali wa nazi, samaki wa kupaka au pweza wa nazi, na madafu. Mkifika watu ishirini na tano bila taarifa, mtasubiri mpaka alasiri na Jozani itawapita.

Kuhusu pomboo wa Kizimkazi: siwatii kwenye ziara hii. Wanataka alfajiri tulivu na boti chache, na nimechoka kuona boti sita zikimkimbiza mama na mtoto wake. Anayewataka alale Kizimkazi, atoke mapema na nahodha anayekubali kuzima mashine na kusubiri.

Hatua ya sita: Jozani, saa tisa alasiri

Kima punju, ambaye hapatikani popote pengine duniani ila Zanzibar, huwa mtulivu na huonekana vizuri joto likipungua. Msimlishe, msimguse. Kila mmoja awe na kitambulisho chake mkononi kwa ajili ya kiingilio. Hifadhi hii ya Taifa ya Jozani na Ghuba ya Chwaka ilitangazwa mwaka 2004, na kuna njia ya mbao inayopita juu ya mikoko. Nusu saa inatosha kuizunguka. Mjini mtaingia karibu na magharibi.

MASWALI YA WANACHAMA

Mwanachama, Mbeya: Dada, samahani, sisi wa bara hatuujui mwezi mwandamo. Tutaujuaje?

Kalenda nyingi za ukutani zinazotolewa na misikiti zina tarehe zote mbili. La sivyo, toka nje usiku: mwezi ukiwa mduara kamili, keshokutwa yake ni siku nzuri ya Jambiani.

Mwalimu wa sekondari, Dar es Salaam: Nina wanafunzi 52. Kosta mbili au basi moja kubwa?

Kosta mbili, mwalimu, na waongozaji wawili. Vichochoro vya vijijini havipokei basi kubwa, na dereva atawashusha barabarani mbali na pwani. Kosta ya kwanza ianze kwenye mwani, ya pili ianze kwa wasokota kamba, kisha wabadilishane. Watoto hamsini wakishuka kwa pamoja kwenye shamba la mwani, mama mwenye shamba hataweza kufanya kazi.

Mwanachama, Mombasa: Kwa nini tusipande tu daladala? Ni nafuu.

Ni nafuu kweli, na mkiwa wawili watatu ningewaambia mpande. Zinakwenda Makunduchi, Kizimkazi na Jambiani. Shida ni kuunganisha vijiji hivyo kwa siku moja: mtajikuta mnarudi nyuma mpaka njia panda kusubiri nyingine, na maji hayawasubiri. Kwa daladala chagueni kijiji kimoja, mkae siku nzima.

Mwanachama, Makunduchi: Bibie, umetuonea. Nusu saa Makunduchi? Mwaka Kogwa je?

Nakubali, ndugu yangu, na nisamehe. Mwezi wa Julai, siku ya Nairuzi, yaani mwaka mpya wa jadi ambao sherehe yake ndiyo Mwaka Kogwa, mambo hubadilika kabisa. Naomba utusaidie kueleza.

Mwanachama, Makunduchi: Siku hiyo msipite, njooni mkae. Asubuhi wanaume wa pande mbili wanapigana kwa mashina ya migomba, kila mtu anamwaga kinyongo chake cha mwaka mzima na yanaishia hapo. Wanawake wanazunguka wakiimba, wamevaa nguo zao nzuri kabisa. Kibanda cha makuti kinachomwa moto. Halafu kula. Kwetu nyumba kukosa mgeni siku hiyo si jambo jema, kwa hiyo hamtalala njaa.

Ahsante sana. Basi kwa Mwaka Kogwa futeni ratiba yangu yote, wekeni Makunduchi peke yake.

Mama mwenye watoto wadogo, Morogoro: Watoto wa huko wakituomba pipi tuwape?

Tafadhali mama, hapana. Wanaanza kukimbilia magari na kuacha chuo, yaani madrasa. Mkitaka kutoa kitu, mwongozaji awapeleke kwa mwalimu mkuu au kwa sheha, kiongozi wa serikali hapo kijijini, mkabidhi daftari na kalamu mbele yake. Watoto wenu na wacheze mpira na wenzao pwani. Mpira mmoja unatosha.

Mwanachama, Maskat: Nakuja na mama yangu, ana miaka 78 na magoti yanamsumbua. Aliondoka Unguja msichana. Anataka kuiona Makunduchi walikozaliwa wazee wake. Ataweza siku nzima garini?

Ataweza, tukipunguza. Mpeni kiti cha mbele nyuma ya mlango, na mbebe kigoda kifupi cha kukanyagia, maana ngazi ya Kosta iko juu. Jambiani asishuke kwenye tope. Akae barazani kwa wasokota kamba, na mwongozaji aombe nafasi hiyo mapema. Jozani muiache. Saa mnazookoa zote wekeni Makunduchi, na kabla hamjafika mwongozaji aende kwa sheha na majina ya wazee wa mama, pamoja na mtaa kama anaukumbuka. Nitumie majina hayo mapema, nianze kuulizia mimi.

Mwanachama, Maskat: Mtaa anaukumbuka. Nakutumia leo usiku.

Nasubiri.