Jinsi ya Kukokotoa Fidia ya Haki kwa Shamba Linalotwaliwa na Serikali

Mthamini anayeitwa kwenye shamba lililotangazwa kutwaliwa kwa manufaa ya umma anatafuta jibu la swali moja: mwenye shamba anahitaji kiasi gani ili, akishalipwa, hali yake isiwe duni kuliko ilivyokuwa kabla ya kutwaliwa? Faida ambayo serikali itaipata kutokana na mradi haimo katika hesabu hii. Vilevile haimo bei iliyopanda kwa sababu tu habari za mradi zimeenea, na kanuni hiyo ilithibitishwa mwaka 1947 katika shauri la machimbo ya Pointe Gourde, Trinidad. Kwa mantiki hiyo hiyo, bei iliyoporomoka kwa sababu watu wanaogopa kununua ardhi itakayotwaliwa nayo haipaswi kutumiwa dhidi ya mkulima.

Hatua ya 1: Thibitisha tarehe na wenye haki

Tenganisha tarehe mbili ambazo watu huzichanganya. Tarehe ya ukomo huamua nani na nini vitaingia katika daftari, ilhali tarehe ya uthamini huamua bei zitakazotumika. Miche iliyopandwa baada ya tarehe ya ukomo hailipwi, na mthamini mzoefu huitambua kwa udongo wake ambao bado ni mbichi. Kisha orodhesha kila mwenye haki, wakiwemo wapangaji na wanaolima kwa haki ya kimila. Miongozo ya hiari kuhusu umilikaji wa ardhi, iliyopitishwa mwaka 2012 na Kamati ya Usalama wa Chakula Duniani, inataka haki halali ziheshimiwe hata kama hazijasajiliwa.

Hatua ya 2: Pima na hesabu mbele ya mwenyewe

Pima mipaka, hesabu miti kwa aina na umri, andika visima, uzio na maghala, kisha mwenye shamba asaini kila ukurasa. Saini ya ukurasa wa mwisho peke yake haitoshi, kwa kuwa mabishano mengi huzuka juu ya idadi, si juu ya bei.

Hatua ya 3: Tafuta bei ya ardhi

Kusanya mauzo ya karibuni ya mashamba yanayofanana, yaliyofanywa kwa hiari na kabla ya mradi kutangazwa, kisha uyarekebishe kulingana na tofauti za rutuba, maji na umbali kutoka barabarani. Bei iliyoandikwa kwenye mikataba mara nyingi huwa chini ya iliyolipwa, kwa ajili ya kukwepa kodi, hivyo usiikubali bila kuwahoji wauzaji na wanunuzi. Mauzo yasipopatikana, tumia mapato halisi, yaani yanayobaki baada ya kutoa gharama, ambayo ardhi huyazalisha kwa mwaka.

Hatua ya 4: Thamini mazao na majengo

Mazao ya msimu ni afadhali yaachwe yavunwe. Yasipoweza kusubiri, hulipwa kwa thamani ya mavuno yaliyotarajiwa, ukitoa gharama ambazo hazijatumika. Mti mchanga hulipwa kwa gharama ya kuuotesha na kuutunza. Mti unaozaa hulipwa kwa mapato halisi ya miaka iliyosalia, yakipunguzwa kwa sababu yanalipwa kabla ya wakati wake: mti wenye mapato halisi ya 10 kwa mwaka, uliobakiza miaka 8, kwa kiwango cha punguzo cha asilimia 10 kwa mwaka, una thamani ya takriban 53, wala si 80. Hata hivyo, ikiwa mashamba uliyoyalinganisha katika hatua ya 3 yaliuzwa pamoja na miti yake, kuongeza thamani ya miti hapa ni kulipa mara mbili.

Kwa majengo, Kiwango cha 5, kinachohusu utwaaji wa ardhi, cha Shirika la Fedha la Kimataifa (IFC, tawi la Benki ya Dunia), toleo la 2012, kinataka gharama kamili ya kujenga upya bila kutoa uchakavu. Msimamo huo naukubali, kwa sababu hakuna fundi anayeuza ghala kuukuu kwa bei ya ukuukuu.

Hatua ya 5: Shamba likikatwa, linganisha kabla na baada

Hapa ndipo wakulima hupunjwa zaidi. Tuseme shamba ni ekari 10, kila ekari ina thamani ya 100, na barabara inachukua ekari 3 katikati. Anayezidisha ekari kwa bei atalipa 300. Lakini upande mmoja umebaki na ekari 4 zenye kisima, na wa pili una ekari 3 zisizo na maji ambazo sasa hazizidi 60 kila moja. Thamani kabla ilikuwa 1,000. Baada ni 400 na 180, yaani 580. Hasara halisi ni 420. Kipande kikiwa kidogo mno kulimwa kwa faida, mwenyewe apewe nafasi ya kudai shamba lote lichukuliwe.

Hatua ya 6: Ongeza usumbufu na muda

Jumlisha usafiri, ada za kununua ardhi nyingine na mapato yatakayopotea hadi shamba jipya lianze kuzaa. Baadhi ya nchi huongeza pia asilimia maalumu ya usumbufu. Malipo yakichelewa, weka riba, na ucheleweshaji ukirefuka kiasi cha bei za ardhi kubadilika, rudia uthamini. Mwisho, mkabidhi mwenye shamba nakala yenye mchanganuo wa kila kipengele, maana anayeoneshwa jumla pekee hawezi kupinga kosa la kuhesabu miti yake.