Jinsi ya kuendesha Kettenkrad na kuvuta nayo ndege

Kama umebahatika kupata mtu mwenye Kettenkrad (gari dogo la jeshi la Wajerumani, nusu pikipiki nusu kifaru) inayotembea akakuachia uiendeshe, cha kwanza usidanganywe na ule usukani wa pikipiki. Hii kitu ni kifaru kidogo kilichowekewa tairi moja mbele, minyororo ndo inafanya kazi yote. Kiwanda cha pikipiki cha NSU cha Neckarsulm, Ujerumani, ndo waliiunda, ikaingia kwenye Vita vya Pili vya Dunia 1941 upande wa Urusi kwenye matope, mambo ya kuvuta ndege yalikuja kupamba moto baadaye.

Kaa vizuri kwanza. Klachi mguu wa kushoto, breki mguu wa kulia, moto unatia kwa kuzungusha mkono wa kulia. Gia ni tatu za mbele na moja ya rivasi, alafu kuna mpango wa pili wa gia nzito kwa ajili ya porini na mzigo, kwahiyo jumla unapata sita za mbele. Nyuma yako kuna injini ya Opel Olympia, silinda nne, lita 1.5, nguvu farasi 36. Iache ipate joto kwanza ndo uondoke.

Sasa kona, na hapa wengi waliozoea bodaboda wanapotea. Ukikata usukani kidogo tairi la mbele linageuza peke yake, ukizidisha kukata breki inashika mnyororo wa upande ule unaoelekea na mashine inazunguka ghafla. Kwahiyo ukiwa kwenye spidi kata taratibu sana, ile kona kali iweke kwa mwendo wa kutembea. Na usilale kama unavyolala na pikipiki, haisaidii kitu. Kwenye mteremko pia usipite kiubavu manake upana wake ni mita 1 tu, ikianza kupinduka inapinduka na wewe.

Kuja kwenye ndege. Kuanzia 1944 Wajerumani walikuwa na ndege za jeti, Me 262 na Ar 234, na injini zake za Jumo 004 zilikuwa zinabugia mafuta hata ikiwa chini inatembea tu, wakati mafuta yenyewe hamna, alafu injini maisha yake yanahesabiwa kwa saa, 10 mpaka 25 hivi, sababu vyuma vizuri vya kuhimili joto walikosa. Ukiwasha jeti ili tu itoke mafichoni ifike kwenye ranwei umeshakula sehemu ya maisha yake bure kabisa. Ndo maana wakaivuta.

Unapovuta tumia chuma kigumu kilichofungwa kwenye mguu wa tairi la pua ya ndege, kamba peke yake haitoshi, kwasababu Me 262 tupu ina karibu tani 4 na ikijaa inapita tani 6 wakati wewe hata tani 2 hufiki, ukifunga breki ndege haina habari inakuja tu. Kwahiyo lazima mtu akae ndani ya ndege mguu kwenye breki, na mkubaliane ishara kabla hamjaondoka. Weka gia nzito, achia klachi polepole mpaka chuma kikaze, ndo utie moto. Mabawa yana mita 12 na nusu na wewe huyaoni, hivyo mtu mmoja kila ncha ya bawa atembee nayo. Pia zile siti mbili za nyuma zinatazama nyuma, kwa kazi hii hakuna kitu kizuri kama hicho, mkalishe mtu pale aangalie ndege muda wote na akupigie kelele mapema.

Kona zote ziwe pana. Ukikata kali ukiwa umefunga ndege unapinda mguu wa tairi la pua, na huo ndo sehemu dhaifu ya ndege yenyewe.

Mkifika weka kabari kwenye tairi za ndege kabla ya kufungua chuma. Ukimaliza rudi kwenye minyororo, kila kiungio kina beringi zake ndogo za sindano zinazotaka mafuta, zikaguliwe zote na zilainishwe, na mkazo wa mnyororo upimwe kabla haujaipaki.